Makofi Aliyoyaomba Octave Pourcelot

Mimi ni Odile Vuillermoz, dada mkubwa na wa pekee wa marehemu Octave Pourcelot. Nimepewa kazi ya kusoma wasifu wake kwa sababu hakupatikana mwingine. Kijikaratasi mlicho nacho mkononi, chenye picha yake ya ujanani, kina wasifu mfupi ambao Padri Jeannerot ameukagua. Huu ninaousoma umeuzidi kidogo, naye hajauona. Kaa tu, Padri, sitawachosha.

Kabla sijaanza, mjue jambo moja. Marehemu aliacha ombi. Huko Paris, jeneza la mwigizaji likitoka kanisani watu husimama nje na kulipigia makofi. Ndugu yangu aliyataka makofi hayo hapa Vaucroisey, kwenye mlango ambao sisi huwatolea watu wetu kwa kengele na kunyamaza. Bwana Lescure, aliyefanya naye kazi miaka mingi, amenishika mkono asubuhi hii akaniambia wageni wote wa Paris wamejiandaa. Nimemjibu kwamba mtu asipige hata kofi moja mpaka nimalize kusoma. Nikimaliza, nitasema mwenyewe kama yapigwe au yasipigwe.

Marehemu alizaliwa tarehe 3 Novemba 1946 katika chumba cha juu cha nyumba yetu ya jibini, mtoto wa pili wa Gustave Pourcelot, mtunza jibini, na Léontine, binti wa ukoo wa Girod. Mama alishikwa na uchungu akiwa ghalani anageuza jibini na kuzisugua chumvi. Akamaliza safu aliyokuwa nayo, ndipo akapanda ngazi. Mkunga alisimulia kwamba mtoto alipotoka hakulia mara moja. Alitazama kwanza huku na huku kuona nani yupo. Nilikuwa na miaka mitatu, sikuyaona hayo, lakini hayanishangazi.

Alisoma shule ya msingi hapa kijijini kwa Bi Tournier, kisha shule ya mapadri kule Poligny, kuanzia mwaka 1957 hadi 1964. Hesabu hazikumwingia. Alichokuwa nacho ni macho. Alimtazama mtu akivuka uwanja, na yule mtu kabla hajafika upande wa pili, Octave ameshamchukua mwendo, mabega, mpaka namna ya kupenga kamasi. Wazee mliopo hapa mnamkumbuka Bwana Prost, mpiga kengele, aliyekuwa akichechemea. Siku moja Octave, mtoto wa miaka tisa, alimfuata nyuma akichechemea kama yeye, na watoto wote wakavunjika mbavu. Prost akageuka. Octave palepale akaangua kilio, akasema ameteguka kifundo. Basi yule mzee kilema akambeba mgongoni kupanda kilima chote mpaka kwetu, akimpoza njia nzima, "Vumilia, mwanangu, vumilia, karibu tunafika." Mama alimpa Prost kipande kizuri cha jibini kwa wema wake. Octave alipopanda kulala aliniambia, "Odile, nimejua sasa. Anaumia zaidi akipanda kuliko akishuka." Nilicheka sana, nami nilikuwa mtoto.

Mwaka 1964 alianguka mtihani wa mwisho wa sekondari. Akaenda jeshini Belfort kama vijana wote, na aliporudi alimkuta baba mezani.

"Baba, nakwenda Paris. Nataka kuwa mwigizaji."

"Kuigiza nini?"

"Watu."

"Watu mbona wapo hapa. Chukua brashi ukasugue jibini."

Mama ndiye aliyemfungia mkate na soseji, akamsindikiza kituoni, akasimama pale mpaka treni ikapotea. Alipenda kusema kwamba mtoto mwenye macho kama yale hawezi kufungiwa ghalani.

Kazi yake ilianza mwaka 1967 na ikaendelea zaidi ya miaka hamsini, chini ya jina la Olivier Courcel. Sisi hatukulizoea. Alikuwa mhudumu wa hoteli, inspekta wa pili, abiria anayekohoa, daktari anayetoka chumbani akitikisa kichwa. Jukwaani alishika mkuki nyuma ya wafalme. Sentensi aliyoisema mara nyingi kuliko zote maishani mwake ni hii: "Gari liko tayari, Bwana Kamishna." Bwana Lescure ananiambia hakuna aliyeisema vizuri kumzidi, na mimi sina sababu ya kumbishia, kwa kuwa ni sentensi isiyo na pa kukosea.

Mama alinunua televisheni mwaka 1971 ili amwone. Siku ambayo Octave alitarajiwa kutokea, mama alivua kandambili na kuvaa viatu vya kanisani. Baba alimtania, "Wewe Léontine, kwani yeye anakuona?" Mama akamjibu, "Mtoto amesafiri kutoka Paris mpaka sebuleni kwangu, nimpokee na kandambili?" Octave akapita na sinia. Mama akainuka, akanyoosha kidole, "Yule! Yule!" na alipokuwa bado anasema, kamera ilishahamia kwa wenye maneno. Alikaa akifurahi jioni nzima. Hilo ni jambo jema ambalo marehemu alilifanya, na naliweka hapa kwa haki.

Tarehe 14 Juni 1975 alifunga ndoa Paris na Mireille Castaing, mpambaji wa waigizaji, ambaye amekuja leo, tunamshukuru. Walijaliwa binti mmoja, Capucine, mwaka 1978. Ndoa iliisha mwaka 1988. Mireille aliniambia sababu tukiwa jikoni kwangu, tunamenya viazi. "Wifi, tukigombana alikuwa analia. Analia kweli, mpaka kola inaloa. Halafu ananyamaza ghafla, ananiuliza: hapo umeniamini?" Capucine ameniomba leo asubuhi, "Shangazi, tafadhali, uwe mpole." Mwanangu, nimekuwa mpole miaka mingi. Leo nasoma.

Sasa nafika mahali ambapo kijikaratasi chenu kimeparuka.

Mwezi Februari 1991 mama aliugua mapafu, na daktari akatushauri tumwache kitandani mwake. Nilimpigia simu Octave bila kutegemea kitu. Akaja na treni ya kwanza, ndevu hazijanyolewa, akavuta kiti mpaka goti likagusa godoro. Hakukubali kupokewa zamu. Alimlisha kwa kijiko, alimfuta mdomo, alimtazama usoni saa zote. Majirani walisema damu nzito kuliko maji, mtoto karudi kwa mama yake. Nami nilimpenda siku zile kuliko nilivyowahi kumpenda.

Alasiri ya tarehe 19 mimi na Octave tulikuwa peke yetu na mama chumbani. Baba alikuwa ghalani, maana jibini hazimngoji mtu afe. Mama akaanza tena kuchambua shuka kwa vidole viwili, taratibu, kama mtu anayetoa unywele kwenye siagi. Akatazama mlangoni. Akasema, "Fungueni, jibini hazipumui." Kisha akasema, "Anatole." Akalirudia jina hilo, akakata roho.

Baba yetu, narudia, aliitwa Gustave. Anatole Bouvret alikuwa seremala wa hapa kijijini, mtu mwenye mke wake. Ndiye aliyetengeneza mlango wa ghala letu, na kila ulipokwama mama alimwita yeye. Huenda alikuwa anaomba mlango ufunguliwe, basi. Huenda kulikuwa na zaidi. Sijui, na haikuwa kazi yetu kujua. Octave aliniangalia, machozi yanamtiririka, akasema, "Odile, hili linabaki humu humu. Baba asilisikie." Nikasema, "Linabaki humu." Tukashikana mikono juu ya mwili wake, ungali na joto.

Jumapili ya tarehe 8 Novemba 1992 alitupigia simu. Televisheni ilikuwa inaonyesha filamu iitwayo Shamba la Ndugu Watatu, naye safari hii hakubeba sinia. Alikuwa mzee Ravier, mkulima anayekufa. "Nina tukio zima peke yangu," akasema. "Iteni watu." Tukawaita. Sebule ilijaa, wengine wakakaa kwenye ngazi. Baba akavaa koti.

Walikuwa wamempaka uso wa kizee. Alilala kitandani, vidole viwili vikaanza kuchambua shuka. Nilijua palepale. Akatazama mlangoni, akasema, "Fungueni, ng'ombe hawapumui." Jibini zilikuwa zimegeuzwa ng'ombe, mengine yote yalikuwa ya mama. Sauti ilikuwa ya mama, ile ile ambayo kila mtu hapa aliizoea dukani kwetu. Halafu akasema, "Anatole." Kwenye hadithi yao Anatole eti alikuwa rafiki wa vitani. Lakini Octave hakulisema kama mtu anayemwita rafiki, wala kama anayeomba mlango. Alilisema kwa utamu, na tabasamu la msichana, akalirudia. Hilo tabasamu mama hakuwa nalo. Lilikuwa la kwake Octave, alilibuni, kwa sababu tukio lilikuwa linapendeza zaidi hivyo.

Baba akainuka, akazima televisheni, akasema, "Ameigiza vizuri," akashuka ghalani.

Kesho yake asubuhi Bi Bouvret aliingia dukani.

"Nikatie nusu kilo, Odile. Ile iliyokomaa."

Nikakata.

"Kwa hiyo mama yako alikufa akimwita mume wangu."

"Ile ni filamu tu, Bi Bouvret."

"Usinifanye mtoto. Nilikaa naye Jumapili nzima alipokuwa anaumwa, nilimwona anavyodonoadonoa shuka."

"Alikuwa anataka mlango ufunguliwe."

"Mlango!" Alicheka mpaka akashika meza. "Ndivyo mnavyouita kwenu?"

Akaacha jibini mezani, na hakununua tena kwetu mpaka alipokufa. Anatole alihamia kwa binti yake, mjini Dole, kabla ya Krismasi, mtu mzima wa miaka sabini, anaondoka na sanduku la misumari.

Nilimpigia Octave simu. Alipokea akiwa na furaha.

"Umeona? Umeona, dada?"

"Uliapa."

"Odile, nilikuwa nafanya kazi."

"Ulikuwa umekaa na mama yako."

"Ndiyo. Wewe unadhani seremala anakata mti wa nani? Anakata ulioko shambani kwake. Mimi sina shamba jingine."

"Ulikuwa unamtazama ili umchukue? Tangu siku ya kwanza?"

Ndipo akasema, "Si tangu siku ya kwanza." Hilo ndilo jambo la kweli pekee aliloniambia, na ingekuwa heri kama angenidanganya.

Mwaka uliofuata, kwenye tamasha moja la televisheni huko pwani ya Normandia, alipewa tuzo ya kioo kwa uigizaji bora wa wahusika wadogo. Alipanda jukwaani akasema, "Namshukuru mama yangu, aliyenifundisha kazi hii." Ukumbi mzima ukasimama. Ni mara pekee maishani mwake watu walipomsimamia yeye mwenyewe. Na mgema akisifiwa, tembo hulitia maji: tangu siku hiyo kila aliyemtaka alikitaka kile kifo. Alikufa hivyo hivyo kwenye tamthilia ya hospitali, akafa hivyo kwenye hadithi ya mabaharia, akafa hivyo kwenye tangazo la bima. Asubuhi hii Bwana Lescure ameniambia, kwa nia njema kabisa, "Bi Odile, tukio lile tunawaonyesha wanafunzi." Kwa hiyo mnafundishia kifo cha mama yangu darasani. Natumaini wanafunzi wanaandika vizuri.

Baba hakumtaja tena Octave wala hakumtaja mama. Alihamishia godoro lake ghalani, akalala kati ya jibini mpaka tarehe 11 Januari 1994, alipofariki. Alikuwa na nafasi yake ya kaburi, iliyowekewa mipaka ubavuni mwa mama. Aliagiza azikwe kule Plasne, kwa wazazi wake. Tulimzika kule.

Mwezi Mei 2021 marehemu aligundulika kuwa na saratani ya kongosho. Alitibiwa Paris, na maneno mazuri yalipowaishia marafiki, akarudi. Mwenda tezi na omo, marejeo ni ngamani. Mwezi Septemba 2022 nilimfungulia mlango, nikampa chumba cha juu, kitanda kile kile alichofia mama, kwa sababu vingine vilikuwa vimejaa vitu vya wajukuu. Nilimpikia supu. Nilimwogesha. Msinisifu, mtu akiwa nyumbani kwako anaogeshwa.

Ni kitandani hapo alipoomba makofi.

"Waambie, Odile. Nikitoka kanisani. Si lazima yawe mengi."

"Hapa hatumpigii mtu makofi kwa kufa."

"Nimeinama nyuma ya watu wengine maisha yangu yote. Mara moja tu, yawe yangu."

"Niombe radhi kwanza, kwa ajili ya mama. Ukiniomba, nitawapanga mpaka barabarani, nitapiga na mimi."

Alifikiri kweli. Nilimwona akifikiri. Kisha akasema, "Siwezi. Ile ndiyo kazi yangu bora. Nikikuomba radhi, nitakuwa sijafanya chochote."

Niliendelea kumlisha supu.

Tarehe 9 Machi 2023, baada ya chakula cha mchana, nilikuwa nakunja nguo karibu na dirisha. Nikasikia shuka likikwaruzwa. Nikageuka. Vidole viwili, taratibu. Macho yake yalikuwa mlangoni, midomo inafunguka kutafuta neno. Nilimwona mama, na tangazo la bima, na wale mabaharia. Nikamwambia, "Acha, Octave. Hiyo tumeshaiona."

Vidole vikatulia. Aliniangalia, nikadhani ametii, nikarudi kwenye nguo zangu. Muuguzi Bi Ferhat alipokuja saa tisa alimgusa shingo, akaniuliza amekata roho lini. Nikasema sijui. Alipomfumba macho aliniambia kwamba wagonjwa wengi huchambua shuka dakika za mwisho, ni mwili tu unaofanya hivyo, si jambo la kufundishwa wala kuigizwa. Mimi nimekaa na maneno hayo siku tano. Wanaotaka kunihukumu wanihukumu nje, kuna kahawa na keki nyumbani kwangu. Lakini aliyekiuza kifo kile ni yeye, akakiuza mpaka kikachakaa, na siku alipokihitaji kwa ajili yake hakukuta mtu wa kumwamini.

Marehemu amefariki akiwa na umri wa miaka sabini na sita. Ameacha binti, Capucine. Mjukuu mmoja, Malo. Aliyekuwa mke wake, Mireille. Mimi dada yake. Na watoto wangu watatu, ambao hawajaja, nami sikuwalazimisha. Anazikwa ubavuni mwa mama Léontine, kwenye nafasi ambayo baba yetu aliikataa kwa sababu yake. Hakukuwa na nafasi nyingine ya ukoo.

Sasa makofi. Nimesema nitaamua, na nimeamua. Yapigwe. Wabebaji nimeshazungumza nao. Mkitoka kwa mlango ule, kaburi la kwanza kushoto, lenye jiwe la kijivu, ni la Léontine Pourcelot. Hapo watamweka Octave chini, kando ya njia, na nyinyi mliotoka Paris, mnaojua kazi nzuri mkiiona, mtageuka kwenye jiwe lile na kumpigia mama makofi. Kile kilichowaliza kilikuwa chake. Alikifanya mara moja tu, bila kamera, na hakuna aliyesimama. Mpigieni mpaka mikono iwake. Octave atangoja nyuma, amezoea.

Mkimaliza, tutamnyanyua na kumzika kimya, kama tunavyozika hapa. Na kuhusu kupumzika kwa amani, si mimi wa kumpa. Amwombe mama, wanalala jirani.